Kifaa cha kuita bata mzinga: kinafaa kwa ndege wa Arabuko-Sokoke?

Mwana_Mida aliuliza:

Assalaam aleikum waungwana. Nimeletewa kutoka Marekani kifaa cha mkononi cha kuita ndege, kile wanachotengenezewa wawindaji wa bata mzinga. Kina betri nne za AA, spika moja, vitufe sita vyenye milio iliyofungwa humo ndani, na tundu la memori kadi ubavuni. Nataka kukitumia na wageni watazama ndege kwenye msitu wa Arabuko-Sokoke, upande wa Gede, hasa kumtafuta bundi mdogo wa Sokoke jioni.

Milio yake ya bata mzinga itaita kanga au kororo (kanga wa kishungi)? Pili, nimetia milio 20 kwenye kadi ya GB 64, kifaa hakioni hata mmoja. Kwenye kadi nyingine ya GB 8 kinaona faili 40, na nusu yake kimya. Tatu, nikipandisha sauti kinajizima. Mwisho, mlio upigwe muda gani kabla ya ndege kuchoka?

Simu na spika ya Bluetooth ninazo, ila naona tabu zake ni nyingi.

Fundi_wa_Shela alijibu:

Waaleikum salaam. Nianze na kujizima, maana hilo ndilo jepesi. Umetia betri za kuchaji, sivyo? Kila moja ina volti 1.2, nne zinakupa 4.8. Kifaa kimepigiwa hesabu ya betri za kawaida za 1.5, yaani volti 6. Kikifika kwenye mlio mkali, amplifaya inavuta umeme mwingi ghafla, volti zinaporomoka, na ubongo wa kifaa unadhani betri zimekwisha. Tia betri mpya nne za alkali za aina moja, usichanganye na kuukuu. Likiendelea, fungua kifuniko utazame springi. Huku kwetu na hewa hii ya chumvi, springi huota ukijani hata kifaa kikiwa kabatini. Pamba yenye spiriti, sugua mpaka shaba ing'ae, kausha ndipo urudishe betri. Na usihifadhi kifaa na betri ndani.

Kadi: ya GB 64 hutoka dukani ikiwa na mpangilio wa exFAT, na vifaa vingi vya namna hii vinajua FAT32 tu. Tumia ya GB 32 kushuka chini na uifomati FAT32. Zile faili 40, bila shaka umenakili kwa kompyuta ya Mac. Kila faili inaachiwa pacha wake aliyefichwa, jina linaanza na nukta na mstari wa chini. Kifaa kinamhesabu na kujaribu kumpiga, nawe unasikia kimya. Futa hao pacha, kadi itarudi 20.

Jambo jingine linalosumbua watu: vifaa rahisi havipangi faili kwa majina, vinafuata utaratibu wa kunakiliwa. Nakili moja moja kwa mpangilio unaoutaka, bundi iwe ya kwanza. Gizani hutataka kubonyeza mara kumi na nne kumfikia.

Ikiwa bado kuna faili kimya, tazama kama ni ya stirio. Spika ni moja, na vifaa vingine hupiga upande wa kushoto pekee. Ndege akiwa amerekodiwa upande wa kulia, ndiyo basi. Zigeuze zote ziwe mono, yaani za njia moja ya sauti.

Kororo_Mwekundu alijibu:

Hiyo milio sita, isahau. Bata mzinga wa mwituni ni ndege wa Amerika Kaskazini. Sauti ya jike inamvuta dume wake majira ya kupandana, kanga wa Malindi haimhusu. Kanga ana lugha yake: jike hupiga mlio wa vipande viwili unaorudiwa, dume hupiga kipande kimoja. Hata huko Marekani majimbo mengi hayaruhusu kifaa cha umeme kwa bata mzinga. Wanatumia kisanduku cha mbao na chaki, kibamba cha mawe na kijiti, au utando wa kutia mdomoni. Vya umeme wanaviachia kunguru na mbweha wao.

Sasa bundi. Kwanza uwe mahali pake. Kwenye miti ya mirihi, pale penye mchanga mweupe, utapiga mpaka betri ziishe. Yeye ni wa miti ya mifunda, kwenye udongo mwekundu. Mlio wake ni mluzi mfupi unaorudiwa kwa kulingana, mitano mpaka tisa hivi, kisha ananyamaza. Subiri giza lianze kushika, nyamazeni nyote dakika tano kabla ya kugusa kitufe. Mara nyingi huita mwenyewe, na hapo kifaa kinabaki mfukoni.

Asipoita, piga mfululizo mmoja au miwili, usizidi sekunde 30. Zima. Sikiliza dakika tatu kamili kwa saa, kwa sababu gizani dakika moja hujifanya tatu. Rudia mara mbili zaidi, basi, hamia mahali pengine. Akijibu, kifaa hakina kazi tena. Hapo ndipo waongozaji wengi huharibu: bundi amejibu, mgeni ana kamera, mwongozaji anazidisha. Bundi anadhani kuna mvamizi asiyetishika kwenye eneo lake. Ama anakaribia kwa hasira na kuacha kuwinda, ama ananyamaza na usiku huo humpati tena.

Usikishike mkononi. Kiweke kando, hatua sita saba kutoka kwa watu, karibu na tawi tupu linaloonekana. Ndege huifuata sauti ilipo. Ukiishika kifuani atakuja juu ya vichwa vyenu, ndani ya majani, na tochi itaona majani tu. Mwache atue ndipo umulike, mwanga uwe hafifu au mwekundu, na usiuelekeze machoni.

Ukubwa wa sauti: usizidi wa ndege mwenyewe. Kiweke chini, tembea hatua 30, ukisikia vizuri inatosha. Nakuambia kwa kusisitiza kwa sababu vifaa vya wawindaji vimetengenezwa vivuke mashamba na mabonde, nawe uko kwenye kichaka ambacho bundi yuko mita kumi.

Binti_Jilore alijibu:

Kaka, nyongeza fupi. Kuwinda Kenya kumepigwa marufuku tangu 1977, na Sheria ya Wanyamapori ya 2013 inagusa hata anayetafuta kitoweo. Ukionekana na kifaa kilichoandikwa uwindaji na milio ya kanga ndani, utaeleza sana. Panga safari ya jioni na ofisi ya msitu ya Gede mapema, ndovu wako humo msituni na gizani hawapigi honi.

Na msimu wa viota usipige kabisa. Vilevile usipige mlio wa bundi mkubwa karibu na huyu mdogo. Wapo wanaopiga bundi ili chozi na ndege wengine wadogo wakusanyike kumzomea. Inafanya kazi kweli, lakini nusu saa nzima ndege wa watu hawali. Sipendi.

Mwana_Mida aliandika:

Shukrani sana. Springi zilikuwa kijani kweli, na Mac ndiyo niliyotumia. Faili zangu nimetoa xeno-canto, ile tovuti ya sauti za ndege. Nyingine zinaanza na mzungu anataja tarehe na mahali, nyingine zina upepo mwingi. Zinasafishwaje? Na ile Bluetooth niiache moja kwa moja?

Fundi_wa_Shela alijibu:

Chagua kwanza rekodi za Kenya au Tanzania, ndege wa aina moja hutofautiana milio mahali na mahali. Tazama pia leseni iliyoandikwa chini ya rekodi, nyingi zinakataza matumizi ya biashara, na wewe wageni wanakulipa. Mwandikie aliyerekodi umwombe.

Kusafisha, tumia Audacity, programu ya kompyuta ya kuhariri sauti. Kata maneno yote ya mwanzo, usiache hata pumzi ya mtu. Kata kipande chenye mlio safi cha sekunde 20 mpaka 30. Tia kichujio cha kuondoa sauti nzito chini ya hezi 200 hivi, ngurumo ya upepo itaondoka. Lakini tazama usipande juu sana, mlio wa bundi wenyewe uko chini, ukizidisha utakuwa umemkata na yeye. Usitumie ile kazi ya kuondoa kelele kwa nguvu, huacha sauti ya majimaji ambayo hata sikio la binadamu linaikataa. Pandisha kilele cha sauti kifike desibeli −3, si sifuri, maana spika ndogo hukwaruza ikipewa yote. Zote ziwe na kilele kimoja, usije ukatoka kwa chozi mpole ukaingia kwa bundi anayelipuka.

Mwanzoni acha sekunde mbili za kimya. Amplifaya huchelewa kuamka na humeza mluzi wa kwanza. Hifadhi mp3 ya kilobiti 192 au WAV, mono.

Bluetooth inatumika, ila ijue. Spika nyingi zikiungana hutamka kwa sauti kubwa kwamba zimeungana, na kwa nyingine haizimiki, kwa hiyo unganisha ukiwa bado kwenye gari. Kimya cha dakika kumi kikipita nyingine hujizima, na ukiiwasha inatamka tena. Weka simu hali ya ndegeni kisha uwashe Bluetooth peke yake, la sivyo ujumbe wa M-Pesa utalia kwa bundi. Mwanga wa skrini shusha mpaka chini.

Kororo_Mwekundu alijibu:

Kwa bundi ningechukua hicho chenye vitufe, unakipapasa gizani bila skrini. Bandika kipande kidogo cha plasta juu ya kitufe cha kuzima ili kidole kikijue. Kupiga hakuna haraka, kuzima ndiko kunakotaka haraka. Msimu wa kusi upepo ukivuma jioni, ahirisha: hutamsikia akijibu, utaendelea kupiga ilhali amekwisha kuja.