Shamba la chini la Bibi: gumzo la kikundi cha ukoo

JUMAPILI

Shangazi Kabula: Habari za jioni wote. Kaka Shija, shikamoo. Bibi anawasalimia, mguu unaendelea vizuri. Sasa kuna jambo. Masanja kaja na mgeni jana, anataka kukodi shamba la chini, lile la korongoni. Anataka kufunga karasha mbili, mashine za kusaga mawe ya dhahabu. Anatoa laki nne kwa mwezi, na miezi sita ya kwanza anaweka mkononi. Bibi kasema hajibu kitu mpaka wote msikie.

Dotto: Laki nne!! Bibi achukue jamani 😂 Hilo shamba mwaka jana lilitoa nini, magunia mawili?

Kaka Masanja: Asante Dotto. Huyu bwana namfahamu, hana maneno na mtu. Lile shamba liko karibu na barabara, maji yapo, umeme unapita pale juu. Vijana watapata vibarua, na Shangazi ataweka kibanda cha chai na maandazi.

Baba Mkubwa Shija: Marahaba Kabula. Masanja, anataka kusaga tu, au na kuosha hapo hapo?

Kaka Masanja: Na kuosha, baba mkubwa. Mtu hawezi kusagia kwako halafu abebe mchanga akaoshee kwingine. Hatakuja tena.

Dada Neema: Na kuchoma kidonge cha dhahabu na zebaki?

Kaka Masanja: Kuchoma kila mtu anachoma zake.

Dada Neema: Anachomea wapi?

Kaka Masanja: Popote dada. Si unajua mambo ya machimbo yetu ya Nyarugusu.

Dada Neema: Najua, ndiyo maana nauliza. Shangazi, siku hizi wanachomeaje hapo kwa majirani?

Shangazi Kabula: Jikoni tu. Juzi nimeenda kuomba moto kwa jirani, nikamkuta mwanawe kakamua zebaki kwenye kitambaa, kapata kidonge cheupe kama punje ya mahindi. Kakiweka kwenye kifuniko cha kopo juu ya jiko la mkaa, anapuliza na kipepeo. Maharage yamesogezwa pembeni yanasubiri jiko. Mtoto wa miaka mitatu kachuchumaa hapo anasubiri kuona kikigeuka njano.

Dada Neema: Hapo ndipo shida ilipo. Zebaki ikipata moto inaruka hewani, haina harufu na huioni. Anayepuliza anaivuta, mtoto anaivuta, nyingine inaganda kwenye dari na kuta, inabaki ndani ya nyumba. Inashambulia ubongo na figo. Kwa mjamzito inapita mpaka kwa mtoto tumboni.

Shangazi Kabula: Sasa yule mzee wa karibu na kanisa, mikono inatetemeka mpaka kikombe hashiki. Alichoma miaka mingi. Ndiyo hiyo?

Dada Neema: Inaweza kuwa, shangazi, lakini kutetemeka kuna sababu nyingi, kwa macho siwezi kusema. Aliyevuta moshi wake anapimwa mkojo. Msimtangaze mtaani mzee wa watu.

Kaka Masanja: Dada Neema, na mimi niseme. Ada yako ya chuo cha uuguzi mwaka wa pili ilitoka wapi? Ilitoka kwenye duara la marehemu baba yangu, shimo lake la dhahabu. Zebaki hiyo hiyo. Na bati la Bibi pia.

Dada Neema: Sijasahau. Na Mungu amlaze pema baba mdogo. Alikohoa miaka mingapi, Masanja?

Kaka Masanja: Lile lilikuwa vumbi la kusaga.

Dada Neema: Na karasha zinatoa nini?

Dotto: Eeh 😬

Baba Mkubwa Shija: Tusirushiane marehemu humu. Masanja, nijibu swali la hesabu. Karasha inakula umeme, inakula vyuma, ina vijana wa kulipwa. Huyo bwana anamtoza mtu kiasi gani kwa kiroba?

Kaka Masanja: Kidogo sana. Wengine hawatozi kabisa.

Baba Mkubwa Shija: Sasa laki nne ya Bibi anaitoa wapi?

Kaka Masanja: Kwenye marudio.

Dotto: Marudio ndiyo nini?

Kaka Masanja: Mchanga uliokwisha kuoshwa. Mwenye mawe anaondoka na kidonge chake, mchanga unabaki kwa mwenye karasha. Zebaki haikamati dhahabu yote, mara nyingi hata nusu haifiki. Ile iliyobaki ndiyo mali yenyewe. Anakusanya lundo, halafu anawauzia wenye matanki ya sayanaidi, ile kemikali ya kuyeyusha dhahabu, au anajenga tanki lake.

Baba Mkubwa Shija: Kumbe. Kwa hiyo Bibi hakodishi kiwanja cha mashine. Anakodisha ghala la mchanga wenye zebaki, kando ya korongo, miezi sita ikiwemo masika.

Kaka Masanja: Ukiliweka hivyo linatisha.

Baba Mkubwa Shija: Niliwekeje?

Dada Neema: Na matanki yakija ndiyo balaa zaidi. Sayanaidi ikikutana na mchanga wenye zebaki inaiyeyusha, inakuwa rahisi kusafiri na maji. Tanzania iliuridhia Mkataba wa Minamata wa kudhibiti zebaki mwaka 2020, na humo mambo haya mawili yametajwa wazi kuwa yakomeshwe: kuchomea kwenye makazi ya watu, na kumwaga sayanaidi kwenye marudio kabla ya kutoa zebaki. Zebaki ikishafika kwenye tope la mtoni vijidudu vinaigeuza kuwa aina nyingine mbaya zaidi, inaingia kwa samaki wadogo, wakubwa wanawala wadogo, sisi tunamla mkubwa.

Dotto: Mimi sangara siachi, niseme ukweli.

Kaka Masanja: Mkataba haupiki ugali, dada. Walikuja watu wa semina, wakatufundisha retoti, ile ya kufunika ili moshi urudi uwe zebaki tena. Kitu kizuri kwa kweli, hata zebaki unaokoa. Lakini inachukua muda, na humo ndani huoni dhahabu yako. Mko watu saba mnagawana kidonge kimoja, nani atakubali kifunikwe? Na mjue nikiuza pale soko la madini Geita nakatwa mrabaha asilimia 6 na ada ya ukaguzi asilimia 1. Mimi si mhuni, nalipa.

Baba Mkubwa Shija: Hakuna aliyesema wewe mhuni.

Shangazi Kabula: Mimi naogopa kisima. Shamba liko chini ya kisima sawa, lakini korongo likijaa, maji yanapanda mpaka kwenye migomba. Mwaka ule tulichota matope wiki nzima. Na watoto wa shule nao, karasha ikifika hapo nitawazuiaje? Watakuja kuokota vijiwe kwanza, kesho wanakanda zebaki kwenye karai kwa mikono.

Baba Mkubwa Shija: Chini ya miaka 18 haruhusiwi kuajiriwa mgodini, sheria ya kazi ya 2004 iko wazi. Na sheria ya mazingira ya mwaka huo huo inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 za mto.

Kaka Masanja: Korongo si mto.

Baba Mkubwa Shija: Mwezi wa nne nenda kalivuke, kisha unipigie.

Dotto: 😂😂😂

Shangazi Kabula: Nimemsomea Bibi yote. Kasema hivi, namnukuu: "Huyo mtu akimaliza ule mchanga nitalima wapi?" Basi. Kageukia ukutani kalala.

Baba Mkubwa Shija: Jibu tumepata. Masanja mwanangu, mwambie mgeni wako kwa heshima, shamba halikodishwi. Najua hela ya Bibi inahitajika, bati linavuja. Tutachanga. Mimi naanza na laki moja.

Dada Neema: Natoa elfu themanini mwisho wa mwezi.

Dotto: Elfu ishirini 🙈 boda haijalipa.

Kaka Masanja: Sawa. Nitamwambia. Ila mchango wa mwezi huu tunauona, wa mwezi ujao tuuone pia.

JUMATANO

Kaka Masanja: Nimeongea na yule bwana. Hakukasirika hata kidogo. Kasema keshapata.

Shangazi Kabula: Wapi?

Kaka Masanja: Kwa jirani yetu wa juu. Pale penye mwembe mkubwa.

Dada Neema: Juu ya kisima??

Kaka Masanja: Juu ya kisima. Wameshamwaga kokoto za msingi.

Dotto: Aisee.

Kaka Masanja: Si niliwaambia? Tungemkodisha sisi tungempangia mahali pa kukaa. Sasa hela kala jirani, maji tunakunywa sisi.

Baba Mkubwa Shija: Una hoja. Lakini msingi bado si mashine. Kabula, huyo bwana ana leseni ya kuchenjua, yaani kutoa dhahabu kwenye mawe, kwa eneo lile, au ana ya kule alikotoka tu?

Shangazi Kabula: Nitajuaje mimi?

Baba Mkubwa Shija: Muulizeni mwenyekiti wa kitongoji, aulize ofisi ya madini. Msianze na kelele za mazingira, anzeni na karatasi. Wangapi wanachota kile kisima?

Shangazi Kabula: Kaya kama kumi na tano. Na mke wa huyo jirani anachota hapo hapo.

Dada Neema: Basi anza na huyo mama, shangazi. Nenda jikoni kwake kabla ya kwenda kwa mwenyekiti. Ana mimba au ananyonyesha?

Shangazi Kabula: Ana ya miezi mitano.

Dada Neema: Nenda leo. Nipigie ukiwa naye, nitaongea naye mwenyewe.

Kaka Masanja: Mkutano wa kitongoji ni kesho saa nne. Nitakuja. Sitasema karasha ziondoke kijijini, hilo msinitegemee. Nitasema zisogee kule upande wa barabara kuu, shimo la marudio lijengewe, na kuchoma kuwe sehemu moja, mbali na nyumba. Hilo nikisema mimi watasikiliza, akisema Shangazi wataambiwa ana wivu wa laki nne.

Shangazi Kabula: Hapo umesema kweli. Wabeja sana.

Baba Mkubwa Shija: Kila kitu kiandikwe kwenye muhtasari wa kikao, na mpige picha ya muhtasari. Dotto, ile elfu ishirini?

Dotto: Jioni baba mkubwa. Namba ni ile ile ya Shangazi?