Sauti ya rekoda inaachana na picha ya simu katikati ya mahojiano

Mkasi_Butu
Habari za jioni wakuu. Nina mahojiano ya dakika 40: picha ya simu, fremu 30 kwa sekunde, sauti ya rekoda ya pembeni yenye maiki ya kubana shatini, WAV 48 kHz biti 24. Kofi la mwanzo, nililopiga mbele ya kamera ili kulinganisha sauti na picha, linalingana kabisa. Kufika dakika ya 12, mdomo na sauti vimeachana kama nusu sekunde. Mbele inazidi, lakini si kwa kasi moja: kuna mahali inasimama, kisha inazidi tena. Nikiivuta sauti iwe ndefu au fupi ili mwisho ulingane, katikati panaharibika. Rekoda mbovu?

MaikiMoja
Rekoda haina kosa mkuu. Saa za vifaa viwili hazilingani hata siku moja, lakini tofauti yake ni ndogo na inaongezeka sawasawa: fremu mbili tatu kwa dakika 40. Wewe una fremu 15 ndani ya dakika 12. Isitoshe haiongezeki sawasawa, na hapo ndipo mwizi anapojitaja. Simu hairekodi fremu 30 kila sekunde. Mwanga ukififia au simu ikichemka, inateremka hadi 28 au 26, kisha inarudi. Kicheza video kinafuata muda ulioandikwa kwa kila fremu, kwa hiyo huoni kasoro. Programu nyingi za kuhariri zinazipanga kana kwamba zote ziko 30.

Hakikisha hivi: washa sauti ya simu yenyewe kwenye taimlaini. Ikiwa nayo imeachana na mdomo, wakati faili hilohilo liko sawa kwenye kicheza video cha VLC, basi ni hilo.

Dawa ni kuligeuza faili kabla ya kuliingiza. Tumia HandBrake, programu ya kugeuza video, kichupo cha Video: FPS 30, chagua Constant Framerate, ubora RF 18 au chini yake (namba ikishuka, ubora unapanda), ukubwa wa picha usiguse. Na usiweke 25 eti kwa sababu TV zetu ni 25. Fremu moja kati ya kila sita itatupwa, mkono ukipita mbele ya lenzi utaonekana unarukaruka.

Mkasi_Butu
Kweli, sauti ya simu nayo imeachana. Sasa mikato niliyokwishafanya?

MaikiMoja
Elekeza klipu kwenye faili jipya, mikato itabaki. Ila picha chini yake itakuwa imesogea, kwa hiyo pitia mkato mmoja mmoja. La zamani usilifute mpaka kazi ikabidhiwe.

Chumba_Kimya
Naongezea. Ukishageuza, bado itabaki ile tofauti ndogo ya saa. Pima kutoka kofi la mwanzo hadi la mwisho kwenye sauti zote mbili. Kama simu inasoma sekunde 2400.1 na rekoda 2400.0, ni fremu tatu tu. Wengi hapo wanakimbilia kuvuta sauti, mimi sivuti. Kata mahali msemaji anapovuta pumzi, sogeza fremu moja, rudia sehemu tatu. Pengo lifunike kwa sauti ya chumba, ile ya sekunde 30 inayorekodiwa watu wote wamenyamaza. Ukiliacha tupu, sikio linashtuka mara moja, hasa kama feni ilikuwa inazunguka.

Kabla ya kutoa faili, zima sauti ya simu. Zikicheza zote mbili, hata zikilingana kwa fremu, msemaji atasikika kama yuko ndani ya ndoo.

Mkasi_Butu
Kofi la mwisho sikupiga.

Chumba_Kimya
Tafuta herufi ya kufunga midomo, p au b, karibu na mwisho. Kwenye wimbi la sauti mlipuko wake unaonekana kama mwiba, na kwenye picha ni fremu ile midomo inapoachana. Kikombe kilichogongwa mezani ni bora zaidi kama kimo.

MaikiMoja
Safari ijayo tumia programu ya kamera inayokuruhusu kufunga shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga. Weka 1/50 ya sekunde, umeme wetu ni Hz 50 na taa hazitapepesa. Weka simu kwenye hali ya ndege, itoe kwenye kava isichemke, na ukate kila baada ya dakika 10 kwa kofi jipya.