Tupeane uzoefu: uliwahi kuimba (au kuaibika) kwenye shoo ya nyimbo za Rodgers na Hammerstein?

Soprano_Mstaafu
Habari za Jumapili wakuu. Jana napita karibu na ukumbi mmoja hapa Minnesota, nakuta bango: A Grand Night for Singing. Miguu ikaisha nguvu. Ile shoo niliiimba miaka kumi iliyopita na nikaapa basi.

Kwa msioijua: haina hadithi, haina mfalme wala mtawa. Ni nyimbo za wale wazee wawili wa Marekani, Rodgers wa muziki na Hammerstein wa maneno, zimechomolewa kwenye michezo yao ya jukwaani, Oklahoma!, Carousel, South Pacific na kuendelea, zinapigwa mfululizo. Broadway, kule kwenye kumbi kubwa za New York, iliingia 1993 na waimbaji watano. Sisi tuliifanya ya kusimama na vitabu mkononi, na hapo ndipo balaa lilipoanzia.

Mimi ni mtu wa kwaya ya usharika. Nota ninazozijua ni d r m f s l t. Nikapewa kitabu cha mistari mitano kimejaa viluwiluwi. Kusema sijui, aibu. Nikasikiliza rekodi usiku na mchana, nikajiandikia solfa kwa penseli juu ya kila neno. Ikakubali! Siku moja mpiga piano akashusha ufunguo, wenzangu wakababaika, mimi wala. Do yangu inahama na mimi.

Sasa siku ya mwisho. Vile vitabu ni vya kukodi, vinarudishwa visafi. Kuna mama mmoja mwema, Mungu amsamehe, akaona afute penseli mapema. Nafungua kitabu jukwaani, kimya, piano imeshaanza It Might as Well Be Spring, juu ya nota hakuna kitu. Ule wimbo unarukaruka kama mbuzi kwenye miamba. Maneno yakanitoka yote. Kilichobaki kichwani ni solfa, nikaimba solfa! "Mi, so, la..." kwa sauti, mbele za watu. Wazee wa mstari wa mbele wakadhani ni Do-Re-Mi ya The Sound of Music, wakaanza kupiga makofi na kuitikia. Piano huku, wazee kule, mimi katikati natoka jasho. Sijui nilimalizaje.

Tuambieni yenu nisijione peke yangu.

Besi_la_Kagera
Penseli. Nimekuelewa dada, sina la kuongeza.

Mtawa_Namba_Nne
Wueh! Nairobi, shule ya bweni, Sound of Music. Shuka ya kitanda kichwani, pini ikafunguka nikiwa nimefunga macho nasali. Watu walicheka mpaka mwalimu mkuu. Hadi leo nikikutana na classmate ananiita Sista.

Kop_ya_Mbagala
Hao si ndio waliotuandikia wimbo wetu wa Liverpool?

Mzee_wa_Highbury
Wimbo wenu tangu lini? You'll Never Walk Alone ni wa Carousel, 1945. Mume kaenda kuiba, kajichoma kisu chake mwenyewe, mke anaimbiwa apate nguvu. Mlianza kuushika baada ya Gerry and the Pacemakers kuurekodi 1963. Ingawa hiyo ya kujichoma kisu chako mwenyewe, hapo sawa, ni yenu.

Kop_ya_Mbagala
Nyinyi mna wimbo gani? Tuanzie hapo.

Mwalimu_Tena
Acheni mpira. Dada, kosa lako ni kushika sauti kabla ya maneno. Hammerstein alikuwa anaandika maneno kwanza, ndipo Rodgers anayatilia muziki. Rodgers alipokuwa na Hart, mwandishi wake wa maneno wa mwanzo, ilikuwa kinyume, muziki unatangulia. Kwa hiyo hizi za Hammerstein zisome kama shairi, bila sauti, siku tatu. Maneno yatakuvuta kwenye sauti yenyewe.

Dawa_ya_Bibi
Asali na tangawizi nusu saa kabla.

Besi_la_Kagera
Asali inaleta makohozi. Maji ya vuguvugu tu. Na kizibo kimoja cha Konyagi, kwa woga.

Zamu_ya_Usiku
Mimi siimbi, nahudumia wazee Ohio. Lakini mmenikumbusha.

Walikuja waimbaji wanne kwenye nyumba ya wazee ninakofanya kazi, na kinanda kidogo. Kuna babu hakuwa ameongea miezi. Unamlisha, anakutazama kama ukuta. Wakaimba Some Enchanted Evening ya South Pacific, ule wa mtu kumwona mgeni ng'ambo ya chumba kilichojaa watu. Babu akaanza kuimba. Yote. Sauti nzito, safi. Nami nimesimama ng'ambo ya chumba na sinia la vikombe! Akaniita kwa jina la marehemu mkewe, akavua pete kwa mate, akanivika. Watu wakapiga makofi. Ningefanyaje, nimnyang'anye mkono?

Jioni binti yake akaja. Akaiona pete kidoleni kwangu kabla sijafika ofisini kuikabidhi. Nikapewa barua ya onyo.

Mtawa_Namba_Nne
Heee! Ngoja nivute kiti.

Mzee_wa_Highbury
Dhahabu?

Dawa_ya_Bibi
Pete iko wapi sasa?

Kop_ya_Mbagala
Kisheria akikuvisha mbele ya mashahidi ni zawadi. Usingerudisha.

Mwalimu_Tena
Sheria ya wapi hiyo, ya Mbagala? Mgonjwa wa akili za uzee hawezi kutoa zawadi. Dada alipaswa kuivua palepale.

Zamu_ya_Usiku
Mwalimu, ungekuwepo ungeona alivyonishika. Pete niliirudisha siku hiyohiyo. Asubuhi nampelekea uji hakunijua, mdomo umefungwa tena. Wiki iliyofuata binti yake akaniuliza pembeni baba yake aliimba wimbo gani. Nikamwambia. Onyo halikufutwa lakini.

Besi_la_Kagera
Pole dada.

Dawa_ya_Bibi
Mimi ningebaki na picha ya pete angalau.

Soprano_Mstaafu
Wakuu mmenisahau na uzi nimeanzisha mimi. Wanatafuta waimbaji tena, usaili Alhamisi. Mwenye solfa ya huo wa babu aniwekee hapa.

Besi_la_Kagera
Ninayo. Ufunguo gani?

Soprano_Mstaafu
Wowote. Na niandikie kwa kalamu ya wino.