Fundi halua MNAYEMJUA kanivunjia heshima mbele ya wakwe

Sitaji jina. Aliyewahi kukaa kwenye akdi yoyote hapa mjini Unguja anamjua: mwenye vespa, anayekoroga halua huku kaweka redio ya taarabu juu ya gunia la sukari. Nina hasira, herufi zikiruka mtanisamehe.

Jana kaka wa mchumba wangu kaoa. Na mimi posa yangu iko kwa wazee hao hao, jibu bado. Kwa hiyo nimevaa kanzu imepigwa pasi mpaka inakata, kofia ya vito, nimekaa adabu tele. Baada ya adhuhuri khutba ikasomwa, bwana harusi kakubali, sahani zikaanza kupita na kahawa chungu. Halua yenyewe nyeusi, inatoka samli pembeni, ukiibonyeza kwa kidole inarudi. Nikala. Nimealikwa, nitaacha kula? Nikasikia kungumanga, ile kokwa ya kiungo, inauma ulimi kwa mbali, nikasema huyu mzee leo kajaza mkono. Sukari ikaficha mengine.

Mpaka alasiri mzima. Jua kukaribia kuzama tu, mambo. Nimekaa barazani kwa wakwe, mdomo umekauka, moyo unakwenda mbio, na saa ya ukutani haitaki kusogea. Natazama: kumi na mbili na dakika tano. Nikazungumza na mjomba wao habari za bei ya karafuu, nikaoa, nikazaa, nikasomesha, natazama tena: kumi na mbili na dakika saba. Nikaingia chooni. Wallahi humo ndani Ramadhani imeandama, nimefunga yote, nimemalizia na sita za Shawwali, natoka naambiwa "mbona upesi hivyo?"

Nikajiegesha kwenye kochi. Nafumbua macho, kiza. Nikajua usiku ushakwisha na nyumba nzima imelala. Nikainuka, mlango mmoja mmoja, nagonga kwa nguvu zangu zote: "Amkeni! Sala ni bora kuliko usingizi!" Nikamgongea na baba mkwe. Ilikuwa saa tatu usiku. Watu wako uani wanakula biriani.

Hata hilo lingepita. Aliyeniua ni yule fundi. Badala ya kuona haya kwa alichotulisha, kasimama katikati ya ua, mfupa wa biriani mkononi, mbele ya mama mkwe, kasema: "Msameheni kijana, saa yake haina betri."

SAA YAKE HAINA BETRI.

Mama mkwe kacheka mpaka kashika nguzo. Mchumba kacheka. Bibi yao asiyesikia vizuri kauliza "kasemaje?", wakamrudilia kwa sauti ili na yeye asikose, naye kacheka. Mimi nimelishwa kungumanga ya kulaza ng'ombe, halafu mimi ndiye nisiye na betri! Na leo asubuhi klipu iko kwenye grupu la familia. Mtu kaiwekea jina "Betri".

Huyu mtu achukuliwe hatua.

MtotoWaNgambo: Nimesoma hii kwenye daladala, nimepitiliza kituo. Baba mkwe alitoka na udhu au bila?

KibabuMkunazini: Ulikula kiasi gani kwanza?

Mleta uzi: Ya kuonja tu, babu.

Nilikuwepo: Ya kuonja? Sahani yetu ya watu sita uliivuta upande wako ukaizungushia mkono. Mzee aliyekaa kulia kwako kaambulia kahawa. Halafu ukapangusa samli ya pembeni kwa kidole.

Mleta uzi: Wewe ni ndugu yake yule fundi. Na hata kama ni kweli, ndiyo mbele ya mama mkwe mtu aseme saa haina betri? Mbele ya MAMA MKWE?

DawaMoto: Niko duka la dawa, niseme kitu cha maana kidogo. Kungumanga ina kemikali inaitwa miristisini. Inayotiwa kidogo kwenye halua au chai haina neno. Lakini mtu akila kama gramu 5 kwenda juu, ambayo ni karibu kokwa moja zima, anaanza kusumbuka: mdomo kukauka, moyo kwenda mbio, kichefuchefu, na muda unamvurugika. Haianzi papo hapo, inachukua saa kadhaa, ndiyo maana mchana alikuwa mzima. Na inaweza kumshika mpaka kesho yake. Asijaribu mtu kwa makusudi, hospitali wanalazwa watu kwa hiyo.

Mleta uzi: MMEONA? Sayansi imesema. Sasa nani hana betri?

MtotoWaNgambo: Sayansi imesema ulikula peke yako, mkuu. Wengine watano mbona hawakuadhini?

ShafiiMtupu: Masheikh walishaliandika hili karne nyingi. Kungumanga nyingi inalevya, wapo wanaoiharamisha, wapo wanaoruhusu kidogo ya kutia ladha. Saudia hawaruhusu kabisa iingie ikiwa peke yake, ama kokwa ama unga. Kaka yangu alinyang'anywa pakiti uwanja wa ndege.

Kitabu_Kikuu: Watu hawajui kokwa hiyo imemwaga damu kiasi gani. Asili yake Visiwa vya Banda, Indonesia ya leo. Waholanzi na Waingereza waliigombania mpaka Mkataba wa Breda, 1667. Mholanzi akabaki na kisiwa kidogo cha Run kwa ajili ya kungumanga, Mwingereza akabaki na Manhattan. Kwa hiyo ukiila, jua unakula...

KibabuMkunazini: Nani kakuuliza?

Abu_Ruwi: Mimi niko Muscat. Tatizo ni halua ya huko kwenu. Ya huku ina zafarani na maji ya waridi, kungumanga inapita tu. Mtu anakula, anakwenda kazini.

WeteDaima: Halua ya Wete usiitaje kwa mdomo huo. Ya Muscat tunaletewa kwenye mabati kila msimu wa Hija, inaishia kupewa wageni tusiowapenda.

Abu_Ruwi: Nyinyi mlijifunza kwa nani?

WeteDaima: Mwanafunzi kampita mwalimu, ndiyo kinachokuuma.

DadaTandika: Nyie wa visiwani mnalalamika kwa muda kuganda baada ya kula. Njooni Dar, muda unaganda kabla hujala. Kadi imeandikwa saa kumi na mbili jioni. Bibi harusi anaingia ukumbini saa nne kasoro. Mshereheshaji anatambulisha mpaka jirani wa shangazi. Chakula saa sita usiku, wali umepoa, foleni ya kuku inaishia mbele yako. Bila kungumanga hata chembe.

MtotoWaNgambo: Na umechangia laki kwa kadi ya singo.

DadaTandika: Usinikumbushe! Kadi ya singo halafu soda moja, ya pili mhudumu anakutazama kana kwamba umeomba figo yake.

Mleta uzi: Jamani turudi kwenye mada. Posa yangu haijajibiwa mpaka sasa. Mama mkwe nikipiga simu anapokea kwa kicheko, anakata.

Nilikuwepo: Huyo kakukubali.

MzeeWaMichango: Mimi kuna kamati nilitoa ahadi, mambo yakabana, nikalipa nusu. Harusi imepita, ndoa imevunjika, bwana kashaoa mwingine. Kamati bado inanitumia ujumbe kila mwisho wa mwezi: "Ndugu mwanakamati, tunakukumbusha ahadi yako."

DadaTandika: Ndoa imevunjika na deni halijavunjika? Sasa nusu iliyobaki inanunua nini?

MzeeWaMichango: Nilimuuliza mweka hazina. Akasema vitabu havijafungwa.

KibabuMkunazini: Mweka hazina ana gari?

MzeeWaMichango: Amenunua mwezi wa tatu.

Mleta uzi: Mbele ya mama mkwe, watu wazima wamekaa, mtu anasimama na mfupa...

MtotoWaNgambo: Subiri kwanza, mkuu. Mzee, hilo gari ni jeupe? Namba inaanzia na nini?