Msaada wakuu: kichwa cha mwanangu kimejaa maji, daktari anasema awekewe mpira wa kuyatoa, bibi yake kagoma

BabaJunior_Sakina
Wakuu habari za mchana, naandika kwa simu mnisamehe mpangilio. Nipo Arusha, Sakina, nina mtoto wa kiume wa miezi minne na wiki moja, ndo wa kwanza. Alizaliwa vizuri tu kilo 3.1 ila alipofika wiki mbili akashikwa na homa kali mpaka akawa anakakamaa, tukalazwa anachomwa sindano asubuhi na jioni wakasema maambukizi, tukaruhusiwa tukashukuru Mungu tukajua yameisha.

Sasa kuna kofia ya uzi bibi yake alimfumia kabla hata hajazaliwa, likofia likubwa, tulikuwa tunacheka maana lilimfunika mpaka macho. Juzi baridi imepiga nikasema nimvalishe, imegota juu ya masikio haishuki. Hapo ndo nikashtuka. Kliniki tunaenda kila mwezi wanapima kilo, wanachora kwenye kadi, wanasema mtoto anakua vizuri baba hongera, hakuna siku mtu alichukua tepu akapima kichwa. Hilo linaniuma mpaka kesho.

Jumatatu macho yakawa yanaangalia chini tu, weupe unabaki juu, na utosi umejaa umekuwa mgumu. Tukaenda hospitali wakapiga ultrasaundi hapohapo utosini, daktari kasema maji ya ubongo hayapati njia, kichwa sentimita 47. Ametuandikia rufaa ya KCMC, ile hospitali kubwa ya Moshi, kasema huenda wakamuwekea mpira wa kutoa maji kichwani kwenda tumboni, au wakiona inafaa wanatoboa kwa kamera bila kuweka mpira. Nilikuwa nimechanganyikiwa sikuuliza chochote.

Balaa lingine ni mama mkwe yupo Machame, kasema mtoto akipasuliwa kichwa haponi, mara amebemendwa, mara kuna mzee anachanja na kupaka dawa. Huyu mama ni wa wale waliopanga foleni Samunge 2011 kunywa kikombe cha dawa cha Babu wa Loliondo kwa hiyo mnaelewa. Mke wangu yupo katikati analia tu.

Naombeni mniambie, huo mpira anakaa nao maisha yote? Hakuna dawa ya kunywa? Nani mwanae alipitia hii?

chalii_wa_ngarenaro
Pole sana chalii wangu. Mi hapo sijui kitu ila rufaa si umepewa? Sasa unasubiri nini huku jukwaani, Moshi ni Noah moja tu hapo stendi.

MamaG_Boma
Baba Junior pole, nimesoma hiyo ya kofia nikaacha sufuria jikoni. Mimi binti yangu aliwekewa mpira akiwa na miezi mitano, sasa hivi ana miaka sita yupo darasa la kwanza hapa Boma Ng'ombe na ana mdomo huyo usipime. Kwa hiyo la kwanza, mtoto kupasuliwa kichwa anapona. Nionyeshe mimi kwa huyo bibi.

La pili sikudanganyi, mpira sio ukishawekwa basi umemaliza. Wanatoboa katundu kadogo, mrija unapita chini ya ngozi nyuma ya sikio, shingoni, kifuani mpaka tumboni, maji yanamwagika kule mwili unayanyonya wenyewe. Wanaacha mrija mrefu umejikunja tumboni ili mtoto akirefuka nao ujikunjue. Nyuma ya sikio kuna kanundu kama punje ya haragwe, ndo koki yenyewe inayoachia maji kidogokidogo. Msusi wake nimemkataza kabisa kubana upande ule.

Alipofika miaka miwili ukaziba. Ilianza kama utani, asubuhi anatapika, nikasema minyoo, siku ya pili analala tu ukimwamsha anafumbua macho anafumba. Siku ya tatu ndo nikakimbia naye, wakambadilishia. Daktari aliniambia mama ungelala nyumbani na usiku huo tungeongea mengine. Kwa hiyo akishawekewa, kutapika, usingizi usioeleweka, homa, utosi kujaa tena, au wekundu kwenye njia ya mrija, usiulize mtu humu, nenda.

Mzizi_Mkuu
Mkuu usikurupuke na visu vya wazungu. Kuna mti naufahamu unachemshwa anakunywa siku saba maji yote yanatoka kwa mkojo. Njoo inbox.

nesi_mama_Moshi
@Mzizi_Mkuu ogopa Mungu, mtoto wa miezi minne unataka umnyweshe mizizi?

Baba Junior, mimi nipo wodi ya watoto muda mrefu, sitaji wapi. Haya maji hayaingii kutoka nje na siyo ugonjwa wa kutupiwa. Kila mtu anayo, wewe unayo, mama mkwe anayo. Ubongo unayatengeneza ndani kwenye vyumba vyake, mtu mzima karibu nusu lita kwa siku wakati yaliyomo kichwani na mgongoni kwa mpigo ni kama mililita 150 tu, maana yake yanatengenezwa yananyonywa yanatengenezwa siku nzima. Njia ikiziba kiwanda hakisimami, maji yanarundikana yanasukuma ubongo, na kwa kuwa mifupa ya mtoto haijaungana kichwa kinapanuka. Ndo maana hata kunyonya kwa sindano mara moja haiwi tiba, yanajaa tena.

Dawa za kupunguza maji zipo kama Diamox na watu huuliza sana, ila kwa watoto hawa hazitibu, usipoteze wiki kuzitafuta.

Hiyo homa ya wiki mbili ndo naitilia shaka. Maambukizi yakifika kwenye utando wa ubongo yanaacha makovu, njia inaziba. Waambie KCMC hiyo historia, beba na karatasi za kulazwa. Na kwa faida ya wengine, mtoto wa kiume miezi minne kichwa huwa kwenye sentimita 41 na nusu hivi, ikipita 44 tunatafuta sababu. Tepu ya fundi cherehani inatosha kabisa, zungusha juu ya nyusi na pale nyuma palipotokeza. Nakubali sisi kliniki hatupimi inavyotakiwa, foleni siyo sababu.

kaka_Njiro
Samahani kuuliza, mkeo alikunywa vidonge vya foliki asidi wakati wa mimba? Nasikia ndo chanzo.

nesi_mama_Moshi
Hapana jamani, hiyo foliki ni habari ya mgongo wazi, yaani mtoto anazaliwa uti wa mgongo haujajifunga. Watoto wengi wa mgongo wazi wanapata na kichwa maji ndo watu wanachanganya. Huyu mgongo wake haujatajwa, usimpe mama mtu mzigo mwingine.

Mjukuu_wa_Kibosho
Kuhusu hiyo ya kamera nina mpwa alifanyiwa Uganda, Mbale, hospitali ya CURE. Wanapitisha kamera nyembamba wanatoboa sakafu ya chumba kimoja cha ubongo maji yapate uchochoro mwingine, na kwa watoto wachanga wanaunguza na sehemu ya vile vinyama vinavyotengeneza maji. Kuunganisha hivyo viwili kulianzia hapohapo Mbale kwa daktari Mmarekani anaitwa Benjamin Warf, sababu watu wanatoka vijijini mpira ukiziba usiku hospitali iko mbali. Raha yake hakuna kitu kinachobaki mwilini.

Ila usiende unalazimisha kamera. Kwa kichanga tundu linaweza kujifunga, na makovu ya maambukizi yanaweza kuharibu mpango. Walishalinganisha hapo Mbale watoto 100 chini ya miezi sita, nusu mpira nusu kamera, matokeo yalitoka 2017, baada ya mwaka ukuaji wa akili haukuonyesha tofauti ya maana. Kwa hiyo muulize daktari kwa mtoto wangu huyu ipi, na kwa nini, ukishajibiwa saini.

BabaJunior_Sakina
Dah asanteni sana, nimemsomea mke wangu yote, ya MamaG kairudia mara mbili. Tukampigia bibi, nikamwambia mama hata wewe unayo haya maji, akakaa kimya muda mrefu nikadhani salio limekata. Mwisho kasema sawa lakini anakuja na yeye, anapandia njia panda ya Machame tumpitie. Swali la mwisho, hela niliyonayo haifiki laki tatu, na wasindikizaji wanalala wapi?

nesi_mama_Moshi
Nenda nayo hiyohiyo. Ukifika tu ulizia ofisi ya ustawi wa jamii, umweleze hali yako kabla ya bili siyo baada. Mama atakaa na mtoto wodini anyonyeshe, wewe na bibi mtatafuta chumba nje. Beba kadi ya kliniki, rufaa, cheti cha bima kama kipo, na blanketi, Moshi usiku mwezi huu kuna baridi. Akianza kutapika au kulegea leo usisubiri asubuhi.

MamaG_Boma
Nje ya geti kuna nyumba za kupanga chumba kwa siku, ulizia mama ntilie watakuelekeza. Na hiyo kofia usiiache.

BabaJunior_Sakina
Ipo kwenye begi. Tunatoka saa kumi na moja alfajiri.