Jina Restituta lina maana gani hasa? Mama mkwe kashikilia hapohapo

MamaKijacho_Kimara

Wakuu habari za jioni, poleni na foleni ya Morogoro Road. Naomba msaada wenu maana ndani ya nyumba hapakaliki. Nina ujauzito wa miezi saba, utrasaundi imesema binti, mimi na mwenzangu tulishamaliza kwamba ataitwa Kayla. Juzi mama mkwe kashuka kutoka Bukoba, chai hajaimaliza anasema mjukuu wangu ni Restituta, jina la marehemu mama yake. Mume wangu kimyaa, kama sio yeye tuliyekuwa tunacheka nae kwenye listi ya majina usiku wa jana yake.

Sina ugomvi na mama, namheshimu sana na ndizi zake nakula. Ila dada mmoja kazini kaniambia hilo jina linatokana na neno la kisheria la kulipa fidia, yaani ukiiba mali ya mtu mahakama inakuamuru ulipe. Hivi kweli mwanangu nimuite Fidia? Naomba anaejua anisaidie, ni la lugha gani, limetoka wapi, na kama kweli kuna mtakatifu wa hilo jina au ni wazee tu walipenda mlio wake. Na kifupi chake kinakuaje maana Restituta ni refu jamani, mtoto mpaka umalize kumuita ameshafika barabarani.

Chura_wa_Jangwani

Kifupi chake ni Tuta. Akifika shule ya msingi watamuita tuta la barabarani mpaka anamaliza la saba. Mimi nimesoma na mmoja, tulikuwa akipita tunapunguza mwendo halafu tunaruka kidogo. Tulikuwa wajinga lakini tulicheka sana.

Mlatini_Mstaafu

Achana na Chura huyo. Dada, mwenzako wa kazini hajadanganya, ila kashika mkia akadhani kamaliza ng'ombe. Mimi nilikaa seminari ndogo miaka minne, upadri ulinishinda ila kilatini kiligoma kunitoka.

Shina ni restituere. Ndani yake kuna vipande viwili, re- ambayo ni kufanya tena au kurudi, na statuere ambayo ni kusimamisha kitu kikae wima. Kwahiyo maana ya kwanza kabisa ni kukisimamisha tena kilichoanguka, iwe ukuta iwe mtu. Kutoka hapo ndo ikaja kumrudishia mwenye mali kitu chake, kumrudisha mtu kwenye nafasi yake, hata mgonjwa akipata nafuu wangeweza kutumia neno hilohilo. Hiyo fidia ya mahakamani ni kitukuu kwenye ukoo. Mwanaume anakuwa Restitutus, mwanamke Restituta, yaani aliyerudishwa, aliyesimamishwa tena. Hata lile neno la kizungu la katiba, constitution, ni ndugu yake, wote wametoka kwa statuere.

Na usidhani waroma waliliona ni neno la mahakamani. Kaisari Aurelianus, aliyetawala 270 hadi 275, alikuta dola imemegeka mapande matatu akaiunganisha, akajichapisha kwenye sarafu kwamba yeye ni Restitutor Orbis, mrudishaji wa ulimwengu. Sasa mtu mzima anajisifu na neno hilo kwenye hela, wewe unaliogopa kwa mtoto?

Kitu kingine kinachonifurahisha mimi. Kwa kilatini ile u ni ndefu, kwahiyo mkazo unaangukia kwenye TU, resti-TU-ta, silabi ya pili kutoka mwisho kama Kiswahili chetu. Bibi yako huko Bukoba alikuwa analitamka vizuri kuliko mwingereza aliyesoma.

wakili_msomi_ila_njaa

Mlatini kamaliza kazi, naongezea kidogo tu. Kwenye sheria ya Kirumi kulikuwa na kitu kinaitwa restitutio in integrum. Kwa mfano kijana wa chini ya miaka 25 karubuniwa kwenye biashara akauza shamba kwa bei ya kutupa, alikuwa anaweza kwenda kwa hakimu wao, praetor, akaomba muamala wote ufutwe arudi alipokuwa kabla hajaharibikiwa. Kwahiyo hata huko sheriani anaeongelewa ni yule aliyeonewa. Sio faini ya mwizi dada.

MamaKijacho_Kimara

Asanteni, mapigo ya moyo yameshuka kidogo. Aliyerudishwa sio mbaya. Ila Chura umeniharibia siku, nimemsomea mume wangu hapo kwenye tuta kacheka mpaka kakohoa. Na mtakatifu je, yupo au hayupo?

KijanaWaMsimbazi

Yupo na ni wa hukuhuku Afrika, ndo kitu watu wengi hawajui, wanadhani hayo majina yote ni ya Italia.

Mtakatifu Restituta anahesabiwa shahidi wa upande wa Tunisia ya leo, enzi za mateso ya Kaisari Diocletianus yaliyoanza 303. Sasa masimulizi yanasema walimtesa wakamuweka kwenye jahazi bovu limejaa lami na vitu vya kuwaka, wakaliburuta baharini wamchome moto huko. Moto ukageuka ukawala waliouwasha, yeye akafa kwa amani na jahazi likasukumwa na maji mpaka kisiwa cha Ischia karibu na Napoli, likatua Lacco Ameno. Mpaka leo pale Lacco Ameno ndo msimamizi wao na kila tarehe 17 Mei wanafanya sherehe kubwa. Hayo ya jahazi ni masimulizi ya wazee ya karne za baadae, usiyashike kama taarifa ya habari, ila heshima aliyopewa ni ya zamani kweli. Ukiingia kanisa kuu la Napoli kuna kanisa jingine ndani yake, basilika ya Santa Restituta, lilijengwa karne ya 4 na ndo la zamani kuliko yote mjini pale.

Alafu kule Carthage kwenyewe, mji wa kale wa hukohuko Tunisia, kanisa kuu lilikuwa linaitwa Basilica Restituta, Mtakatifu Augustino, askofu wa zamani wa hukohuko Afrika, kahubiri humo. Na kwenye lile kundi la mashahidi wa Abitina, mji mwingine wa hukohuko, waliokamatwa mwaka 304 kwa kusali jumapili kuna mwanamke anaitwa Restituta pia. Jina lilikuwa la kawaida tu kwao, kama Neema kwetu.

Chura_wa_Jangwani

Kwahiyo alikuwa mweusi au mwarabu? Maana mnasema Afrika Afrika alafu unakuta sanamu ni mzungu kabisa na nywele za dhahabu.

KijanaWaMsimbazi

Waarabu hawajafika Tunisia bado wakati huo mkuu, wamekuja miaka ya 600 huko. Palikuwa na Waberberi, wazao wa Wafoinike na Waroma waliohamia, wamechanganyikana. Sura yake hakuna anaeijua. Ila ukitaka neno Afrika lenyewe, Waroma walianza kuliita jimbo lao hilo la kuzunguka Carthage, sisi wengine tumeingizwa baadae.

Mlatini_Mstaafu

Hapo Kijana umenikumbusha kitu. Wakristo wa hiyo Afrika ya Kirumi walikuwa wanapenda sana majina yenye sentensi ndani, kama sisi tu na kina Tumaini, Sikujua na Chausiku. Augustino mwanae aliitwa Adeodatus, aliyetolewa na Mungu. Askofu wa Carthage wakati Wavandali, kabila la wavamizi kutoka Ulaya, wanauteka mji mwaka 439 aliitwa Quodvultdeus, maana yake anachotaka Mungu, hebu fikiria unaita hilo kwenye daftari la mahudhurio. Wakampakia kwenye merikebu mbovu na mapadri wake akafika Napoli. Unaona? Merikebu mbovu, Afrika, Napoli. Mimi kwa akili yangu naona ile hadithi ya jahazi la Restituta ina harufu ya hao wakimbizi, waliondoka na watakatifu wao moyoni wakaja kuwasimulia ugenini.

Na baada yake Carthage ikaja kupata askofu Deogratias, miaka ya 454 mpaka 457, aliyeuza vyombo vya dhahabu na fedha vya kanisa akomboe mateka waliotoka Roma. Kina Deo wote wa Mbezi na Tegeta mjijue hapo.

Sasa kwanini majina haya yamefika Bukoba? White Fathers, shirika la wamisionari wakatoliki, walianzishwa Algiers mwaka 1868 na askofu Lavigerie, na huyo huyo 1884 akawa askofu mkuu wa Carthage iliyofufuliwa. Watu wake walikuwa wanakula na kulala na hao watakatifu wa Afrika kaskazini, kina Perpetua na Felisita, na walipofika Kashozi, hapo karibu na Bukoba, mwaka 1892 hawakuja na majina mengine. Na sheria ya kanisa ya 1917 ilimtaka paroko ahakikishe mtoto anapata jina la mtakatifu, wazazi wakikataa yeye aliongeze mwenyewe na kuyaandika yote mawili. Ndo maana bibi zetu ni kina Skolastika na Petronila. Ya 1983 imelegeza, inasema tu jina lisiwe geni kwa hisia za kikristo. Kwahiyo padri hawezi kumkataa Kayla wako, tusidanganyane.

Nesi_Zamu_ya_Usiku

Mmemsahau wangu! Kuna Restituta mwingine, mwenyeheri Maria Restituta Kafka, nesi wa chumba cha upasuaji pale Mödling karibu na Vienna. Kazaliwa 1894 anaitwa Helene, akaingia utawa akachukua jina la huyo huyo shahidi wa zamani. Alikuwa mkali kazini mpaka wakamtania Resoluta badala ya Restituta, yaani mama msimamo. Wanazi walipoichukua Austria hospitali ikafungua jengo jipya la upasuaji, yeye akatundika misalaba kila wodi, wakamwambia atoe akagoma, na akakutwa na maandishi ya kumkejeli Hitler. Daktari mmoja wa upande wao akamchongea. Wakamkamata jumatano ya majivu 1942, wakamkata kichwa tarehe 30 Machi 1943. Papa Yohane Paulo wa Pili akamtangaza mwenyeheri 1998 hapohapo Vienna.

Mimi nikiwa zamu ya usiku na daktari ananifokea bila sababu huwa namkumbuka huyo mama nanyanyua kidevu. Kwahiyo dada mpe mtoto hilo jina, usiogope.

Resti_wa_Tabata

Nimesoma yote nikiwa kimya ila sasa niseme maana mwenye jina ndo mimi. Nina miaka 41, mtaani najulikana Resti, na kwetu Kagera sio jina la ajabu kabisa, huku Dar ndo watu wanashangaa. Mengi mliyoandika hapa sikuyajua, nilikuwa najua tu kwamba niliitwa la shangazi.

Dada ngoja nikwambie ukweli ambao watakatifu hawatakwambia. Shida ya hili jina sio maana, ni karani. Cheti changu cha la saba kimeandikwa Restuta, cha fomu foo Restituta, na ofisi moja nilienda kufanyiwa usajili yule kijana akaniuliza mara tatu alafu akaandika Restitutha, hiyo h sijui aliitoa wapi. Nilipoanza kufuatilia mafao ikabidi niende kwa wakili kula kiapo kwamba hao watu watatu wote ni mimi mmoja. Nimelipa hela, nimepanda daladala, nimepanga foleni. Kwahiyo ukienda kuchukua cheti cha kuzaliwa usitamke, andika kwa herufi kubwa kwenye karatasi umpe mkononi, alafu akikiprinti soma herufi moja moja ukiwa bado dirishani. Usikunje ukaweka kwenye pochi ukafurahi.

Kuhusu tuta ni kweli waliniita, darasa la tatu mpaka la tano. Kuna mmoja alikuwa anaruka kabisa kama Chura anavyosema, na miguu yake mibovu. Chura ulisoma shule gani?

Chura_wa_Jangwani

Sitaji shule mimi. Samahani dada Resti kama ni wewe, na kama sio wewe pia samahani.

wakili_msomi_ila_njaa

Hahaha restitutio in integrum hiyo, lipa soda.

MamaKijacho_Kimara

Wakuu nimerudi na mrejesho. Jana usiku nilimchangamkia mama nikamuuliza kwani bibi alipewaje hilo jina, nikijua ntasikia habari nzito, labda watoto wawili walikufa kabla yake ndo akaitwa aliyerudishwa, nilishajiandaa hata kulia. Mama kaniangalia akasema bibi alizaliwa mwezi wa tano tarehe 17, padri akafungua kalenda ukutani akasoma, basi. Eti baba yake mwenyewe alitaka aitwe Maria, padri akamwambia Maria wako wengi sana hapa parokiani akimuita mmoja wanakuja kumi.

Kwahiyo tumekubaliana, Restituta la ubatizo na la cheti, Kayla la nyumbani kwa wanaotaka. Mama karidhika kaenda jikoni anaimba. Dada Resti la herufi kubwa nimelishika, nimeshaandika kabisa kwenye kadi ya kliniki kwa nyuma.

Ila kuna mtu humu ndani toka asubuhi anaongea na tumbo langu anasema Tuta amka baba anaenda kazini. Chura Mungu anakuona.