Cha kutoa mikunjo kwenye mashati: pasi ya mvuke au kile cha kupuliza?

MtuWaLangoni: Salaam alaykum jamaa. Niko Amu (Lamu) mjini, nataka kununua kitu cha kutoa mikunjo kwenye mashati. Kuna pasi ya mvuke, na kuna kile kidude cha kupulizia mvuke shati likiwa limetundikwa. Nichukue kipi?

BintiShela: Wa alaykum salaam. Kitambaa gani? Mashati mangapi kwa wiki? Una shilingi ngapi? Kaka, umetutegea kitendawili.

FundiCherehani: Kama ni pamba, kile cha kupuliza kitalegeza mwili wa shati tu. Ukosi na vikofi vya mikono havitulii bila kukandamizwa na chuma cha moto. Nunua pasi. Lipige likiwa na unyevunyevu bado. Pamba ni nukta 3 kwenye kile kitufe cha joto cha pasi, kama digrii 200. Polista usipite nukta 2.

Bajuni76: Pasi ya mvuke sawa, lakini kwa maji gani? Yangu nilinunua Malindi, nikawa naijaza maji ya kisima cha nyumbani, yale ya chumvichumvi. Mwanzo, mashallah. Asubuhi ya nikaha ya mdogo wangu nimetandaza shati jeupe, nabonyeza mvuke, pasi ikakohoa mara 2, ikatapika maji ya kutu na vigaga vya chokaa, pale pale juu ya mfuko wa kifuani. Kusugua na ndimu, doa likazidi kutanda. Nikaazima kanzu ya ami, ikaniishia kwenye miundi. Picha zote za siku ile nimesimama nyuma ya watoto. Fundi alipoigeuza pasi, vitundu vyote vya chini vimeziba. Sasa napiga kavu, na kichupa cha kunyunyizia maji.

BintiShela: Njoo uteke maji kwetu Shela. Ya mchangani, matamu.

Bajuni76: Kwa mnavyojenga juu ya matuta ya mchanga yanayohifadhi maji hayo, utamu huo tutausikia hadithini.

MzeeWaMkomani: Pasi ya makaa, wanangu. Haili tokeni za umeme, haijui chokaa. Vifuu vya nazi tu.

FundiCherehani: Na cheche, mzee? Matundu ya pasi hizo nimeyatia viraka mpaka nimechoka.

MtuWaLangoni: Samahani, nilikuwa kazini. Shati ni moja, la kuazima. Kitambaa sikijui. Harusi Ijumaa.

BintiShela: Moja! Tena la watu! Usinunue kitu. Soma kile kilebo cha ubavuni, kisha mpelekee dobi.

MzeeWaMkomani: Harusi ya nani Ijumaa? Mbona huku Mkomani hatukualikwa?